Chumba cha Siku ya Tatu

Walionipigia simu kutoka Ujerumani walidhani nitalia. Msichana mwenye sauti ya upole akanambia Strubbe amefariki, kwamba wanatayarisha kitabu kikubwa cha picha za kazi zake, na kwamba mimi, niliyekaa naye kazini miaka mingi kuliko mtu yeyote, ndiye wa kuandika ukurasa kuhusu chumba cha Texas, kile kilichompa tuzo. Ukurasa mmoja tu, akasema, maneno ya kutoka moyoni. Nikamwuliza, moyo wa nani? Akacheka, maskini, akadhani natania. Nilikuwa nimesimama jikoni kwangu hapa Pearland, nje ya Houston, mwiko mkononi, kuku wa nazi anatokota, na nje majirani zangu wa zamu ya mchana wanarudi kutoka hospitalini mmoja mmoja wakifungua milango ya gereji. Nikazima jiko, nikakaa. Wapo watu wakifiwa na mwalimu wao hujitia kuyasahau maudhi yake. Mimi sijitii. Mungu amlaze anapostahili, na pahala penyewe sipataji. Ila chumba kile nakijua kuliko alivyokijua yeye, na kwa kuwa wamekitaja wao, basi nitakisema chote.

Kwa asiyejua, msanifu wa mandhari katika filamu ndiye anayejenga kila mnachokiona nyuma ya waigizaji: ukuta, rangi ya ukuta, kikombe mezani na doa la kikombe. Kazi hiyo nimeifanya Ujerumani zaidi ya miaka ishirini, kwanza chini ya Strubbe, halafu kwa jina langu mwenyewe. Lakini nilianzia Dallas, mwaka niliotimiza ishirini na tatu, nikiuza vitambaa vya mapazia dukani. Siku moja akaingia Strubbe, mzungu mrefu, mwembamba, kavaa koti la sufu na joto lote lile, akachagua kitambaa cheupe pe, akasema ni cha nyumba ya wakimbizi. Nikamwambia, "Hicho hakikai wiki. Nyumba zile jiko na sebule ni kitu kimoja, pazia linakula mafuta. Wenyewe hununua rangi ya chai ya maziwa." Ndipo aliponitazama. "Umejuaje?" "Nakaa huko huko." Akaniajiri palepale, mbele ya bosi wangu, na kitambaa akakiacha juu ya meza. Walikuwa wamekuja kutengeneza filamu ya daktari wa Kijerumani anayempenda mwanamke mkimbizi kutoka Afrika. Mambo ya hospitali walikwenda kuyapiga Houston. Nyumba ya mwanamke alitaka kuijenga yeye ndani ya ghala huko Haltom City, ili kuta ziweze kutolewa kamera ipite, na alihitaji mtu wa kumwingiza majumbani mwa Waafrika atazame wanavyoishi. Mtu huyo nikawa mimi, na nilijiona nimeokota dodo.

Huko huko nilikokutaja ni mtaa wa Vickery Meadow, hapo Dallas, ghorofa ya pili, ngazi za chuma, kwa shangazi yangu Bi Shemsa na mumewe Mzee Haji. Bi Shemsa alikuwa msafishaji hospitalini. Alfajiri anatembea hadi stesheni ya treni, jioni anarudi na miguu imevimba, na kila alichokipata alikiingiza sebuleni. Alikuwa na makochi mawili ya rangi ya damu ya mzee, bado yamo ndani ya plastiki zake. Kabati la vioo lenye vikombe vya kauri ambavyo sikuwahi kuona mtu akavinywea. Saa ya ukutani, mviringo, kubwa. Maua ya plastiki ambayo kila Jumamosi aliyaosha kwa sabuni na kuyaanika kwenye ubao wa balkoni. Ukikaa kwenye kochi la Bi Shemsa ulikaa wima, na plastiki ikikubana mapajani ulinyamaza. Mzee Haji alipenda kumchokoza: "Mke wangu, mbona tusishuke mkekani tukanyoosha miguu?" Naye hujibu bila kugeuka, "Nenda kanyooshe kwenu. Mimi sikuja Marekani kukaa chini." Tulicheka kila mara, na kila mara alikuwa anasema kweli.

Mwaka uliofuata ulipoanza tu, Mzee Haji akaanguka kazini, akafa njiani kabla ya kufikishwa hospitali. Wanaume wa jengo wakaja, na kabla maiti hajarudi kuoshwa walikwisha kuyatoa makochi, moja kwa jirani, moja kwenye ukumbi wa ngazi, na kabati, na meza, na televisheni, na zulia likakunjwa, na saa ikashushwa ukutani pamoja na picha zote. Kwetu nyumba ikiingia msiba ndivyo inavyofanywa. Watu wote hukaa chini na wafiwa, hapana mkubwa wala mdogo, na nyumba hubaki wazi hivyo mpaka tanga lianuliwe. Mikeka ikatandikwa, mito ikaegemezwa ukutani, chetezo cha udi kikawekwa pembeni, na karibu na mlango birika na vikombe vya kuazima. Bi Shemsa akaingia chumbani kukaa eda, miezi minne na siku kumi, hatoki na wala mwanamume wa kando hamwoni. Ndani ya pilikapilika hizo nilimpigia Strubbe kumwambia nimefiwa, nipe siku nne. Akasema pole, chukua tano.

Siku ya tatu, siku ya khitma, akaja mwenyewe. Hakualikwa na mtu. Saa ile wanaume walikuwa wamekwenda kusali adhuhuri msikitini, wanawake wamejaa chumbani kwa Bi Shemsa, na mimi napangusa vikombe. Nikasikia mlango, nikafungua, nikamwona na boksi la chokoleti mkono mmoja na kamera mkono wa pili. Nilimfungulia kwa adabu ya kufungulia mgeni, wallahi si kwa jambo jingine. Akavua viatu, hilo nalikubali, akaingia hatua tatu, akasimama. Uso wake ukanawiri. Kwa miezi mitatu nilikuwa nimemtembeza nyumba kumi na kitu, na zote alizifyonya: makochi mengi, vitambaa vingi, maua ya bandia, Afrika yenyewe iko wapi? Leo kaipata. Ukuta mtupu, misumari mitupu, mikeka, duara safi ukutani palipokuwa na saa. Akaniuliza kwa sauti ya chini, Kiingereza chake kibovu kuliko changu, "Hivi ndivyo mnavyoishi?" Nami nikamjibu, "Ndiyo." Neno moja. Hakuna aliyenishika koo. Nilimwona tu ule uso, nikataka unitazame mimi. Akaanza kupiga picha. Akapima kuta kwa kamba yake ya kupimia, na mle chumbani wanawake wanasoma, sauti zinasikika. Kisha akaonyesha juzuu za Kurani zilizopangwa juu ya mto, akasema zinaharibu mstari, tuziondoe. Nikaziinua mimi, kwa mikono yangu hii, nikazipeleka jikoni.

Ghala la Haltom City lilikuwa la bati, na ilipofika kiangazi ukiingia asubuhi unatoka umeiva. Humo sebule ya Bi Shemsa ilianza kusimama mbao kwa mbao. Fundi mkuu alikuwa Mkongomani wa Bukavu, Baba Furaha, mtu wa kanisa, mpole, mikono yake mikubwa lakini akigonga msumari hata mbao haishtuki. Nilimpenda kwa sababu alikuwa akila chakula chake cha mchana pamoja nami, fufu na sombe, kisamvu cha kwao, kwenye bakuli la plastiki, na akisali kabla hajafungua kifuniko. Siku chumba kilipokamilika, mikeka imetandikwa, chetezo kipo, alisimama mlangoni kofia mkononi. "Dada," akanambia, "hii nyumba iko ya kilio. Hata kwetu Bukavu tunatoshaka viti inje, watu banakaa chini. Nani alikufa humu?" Nikamwambia mume wa shangazi yangu. "Na huyu muzungu anajua?" Nikainama kunyoosha mkeka. Akavaa kofia. "Umwambie, dada. Mutu haezi kufanya sherehe ndani ya kilio. Ni mubaya sana." Kwani ndivyo hadithi ilivyokuwa: chumba kile katika filamu ndimo mwanamke angeposwa na daktari, jirani zake wakicheka na kupiga vigelegele.

Nilikwenda kumwambia siku ileile. Nilimkuta Strubbe kwenye meza ya michoro, anakula nyama ya kuchoma ya Texas kwa kisu na uma, anaikata vipande vidogo vidogo vya mtoto. Nikamweleza yote, makochi, tanga, khitma, nikijikwaa kwa aibu. Akatafuna mpaka akameza. "Kochi jekundu," akasema. "Nililiona pale kwenye ngazi nilipopanda. Na plastiki yake. Unadhani mimi kipofu?" Mtu yule alijua. Alijua tangu hajafika mlangoni, akaniuliza vile vile, na akafurahi nilivyomjibu. "Ukiweka kochi," akasema, "ni duka la samani. Ukiliondoa, ni filamu." Halafu akapangusa midomo, akasema anarudi Berlin kazi ikiisha, anahitaji msaidizi, mtu mwenye macho na asiye na maneno mengi. Barua ya ajira anayo, bado saini tu. Je, nina maneno mengi? Nikasema sina.

Watu huniuliza alinifundisha nini. Alinifundisha kuondoa, basi. Miaka yote ile, filamu baada ya filamu, ukimletea chumba cha Mturuki, cha Mghana, cha bibi kizee wa Kijerumani wa kijijini, alipita akionyesha kidole: toa hiki, toa kile, mpaka mwenye chumba hana mbele wala nyuma, ndipo aseme sasa kinasema kweli. Na mimi nikitoa. Nilikuwa hodari, msije mkadhani nilikuwa mtumwa wa mtu. Nililipwa, nikasifiwa, na hata nilipopata kazi zangu mwenyewe mkono ulikwisha kuzoea. Mpaka leo nikiingia nyumba ya mtu jicho langu linatafuta cha kuondoa, na hilo ndilo ninalomchukia kwalo, hata kaburini.

Siku ya kupiga picha za posa walihitaji wanawake wanane wa kukaa sebuleni, na mwongozaji alitaka watu wa kweli, si waigizaji. Nikaombwa niwalete wa Vickery Meadow. Sikutaka Bi Shemsa awemo. Lakini eda yake ilikuwa imekwisha, wanawake wenziwe wamempitia, "Twende shoga, ukapunge upepo," naye akasema kama ni kazi ya mwanangu nitakosaje? Kutwa alikuwa akiwasifia watu kwamba mimi ndiye ninayewaonyesha Wajerumani nyumba ya Mswahili ilivyo. Kwenye basi waliloletewa niliwasikia kutoka kiti cha mbele: "Leo Bi Shemsa katoka, mashallah, na wanja kapaka!" "Mwacheni, Haji mwenyewe angefurahi." Alivaa gauni la hariri ya kijani na mtandio wenye nyuzi za dhahabu. Njia nzima nilimwomba Mungu gari liharibike, na lilikwenda sawasawa hadi mlangoni.

Wakashuka wakicheka. Wakapita nyaya na taa, wakafika kwenye seti, na kicheko kikakatika. Hakuna aliyewaambia kitu. Wa kwanza aliona mikeka, mito ukutani, birika mlangoni, akavua viatu na kuvuta mtandio kichwani. Wa pili hivyo hivyo. Wakaingia mmoja mmoja kwa kunyata, wakakaa chini, wakakunja miguu, na mmoja wao akanong'ona, "Kafa nani?" "Sijui. Tusome tu." Na midomo yao ikaanza kwenda na Fatiha. Mwongozaji, mama mfupi mwenye kikohozi, akapiga kelele kutoka nyuma ya kamera: wacheke! Hii ni posa, waambie wacheke! Nikawaambia, mabibi, ni mchezo tu, chekeni kidogo. Wakanitazama kana kwamba nimewatukania wazazi. Mmoja akanambia, "Wewe mtoto, huna adabu? Msibani?"

Bi Shemsa aliingia mwisho. Hakukaa. Alisimama katikati ya mkeka, akageuka polepole, akatazama duara safi ukutani, akatazama alama ya kuungua sakafuni, pale Mzee Haji alipodondosha kaa la udi Idi moja, na Strubbe hata hiyo aliiiga. Akaigusa kwa kidole cha mguu. "Hii nyumba yangu," akasema. "Hii siku ya khitma ya Haji." Kisha akanigeukia, na sauti haikupanda hata kidogo. "Nani kawafungulia mlango?"

"Mimi, shangazi."

"Na mimi nimo ndani?"

"Ulikuwemo ndani, shangazi."

Bi Shemsa akajifunga mtandio sawasawa. Wanawake walikwisha kuacha kusoma. "Haya," akasema. "Basi waambie, uwaambie hivi hivi ninavyosema, usipunguze. Waambie mimi siishi hivi. Waambie nina makochi, nina kabati, nina saa, nimevipata kwa kupiga deki miaka kumi na mbili. Waambie hapa mume wangu alikuwa na siku tatu kaburini. Wakitaka kutuonyesha kwa watu watuonyeshe na vitu vyetu, na kama hawataki, wakivunje."

Mwongozaji akauliza anasemaje. Mafundi wote wamesimama. Baba Furaha yuko nyuma ya ukuta wa mbao, namwona kwa upenyo, ananitikisia kichwa, sema, dada, sema. Na Strubbe yuko karibu na kamera, mikono kaikunja, haulizi, maana yeye alijua bila kutafsiriwa. Barua yangu ilikuwa kwenye mkoba wake, haijatiwa saini. Alinitazama kwa uso ule ule wa siku ya tatu. Nikafungua kinywa, nikamwambia mwongozaji kwa Kiingereza: "She is tired. She wants to go home."

Miaka kumi na mbili mtu kafanya kazi hospitali ya Wamarekani, kaamrishwa na wauguzi, kabishana na mabosi, kajaza fomu zake mwenyewe, na mimi msomi nikajisahaulisha kwamba anasikia Kiingereza. Bi Shemsa hakupiga kelele. Angenizaba kofi ningeshukuru. "Sikusema nimechoka," akanambia, kwa Kiswahili, taratibu, mimi peke yangu. Akavaa viatu akiwa amesimama wima, hakushika ukuta, akatoka. Wote saba wakamfuata. Baba Furaha akatua nyundo yake juu ya meza, akawapakia kwenye gari lake akawarudisha kwao, na ghalani hakukanyaga tena. Kamera, kumbe, ilikuwa inakwenda muda wote. Mwongozaji alipotazama zile picha za wanawake wamekaa kimya, midomo inacheza, akasema hajapata kuona kitu kizuri kama kile, wakabadilisha hadithi, posa ikawa ya huzuni. Magazeti ya Ujerumani yakasifu ukimya wa chumba kile, na Strubbe akapanda jukwaani kuchukua tuzo. Msiba wa Mzee Haji huo, walikuwa wakiupigia makofi.

Ukurasa wao nitawapelekea. Nitauandika kwa Kiswahili, wote, na makochi yatakuwemo na plastiki zake. Watafute mkalimani, na Mungu awape mwenye haya kuliko mimi.

Kabla sijaondoka mwaka ule nilikwenda kumuaga shangazi yangu. Nilikuwa nimeshahamia kwa rafiki, sikuweza kulala chini ya dari yake. Alinifungulia, akanikaribisha kiti, akanipa chai. Nikasema, shikamoo shangazi, nasafiri kesho. Akanijibu kwa Kiingereza. Alinitakia safari njema, akaniuliza kama nina koti la baridi, kwa Kiingereza safi cha kazini, kile mtu anachomwambia msimamizi wake. Nilidhani ni hasira za siku mbili. Nilimpigia kutoka Berlin kila Idi, kila mwezi, miaka tisa, na kila mara ilikuwa hivyo: hajambo, kazi inaendelea, asante kwa kupiga. Nikiongea Kiswahili alinisikiliza mpaka nimalize, kisha akajibu kwa Kiingereza. Hakuwahi kunitukana na hakuwahi kunikatia simu.

Alipougua niliacha filamu katikati nikapanda ndege. Nilikaa kando ya kitanda chake hospitalini siku sita. Wanawake wa Vickery Meadow waliingia na kutoka na uji na tende, na yeye akizungumza nao kwa Kiswahili chake kitamu, akiwatania, akiuliza nani kaolewa, mpaka muuguzi mmoja wa Mombasa akawa anakuja hata zamu yake ikiisha ili amsikilize tu. Wakitoka, tukibaki wawili, alinyamaza. Siku ya mwisho nikapiga magoti sakafuni, nikaushika mkono wake, nikalia bila haya. Nikamwambia, shangazi, nisamehe, nilikosa. Sikuombi unipe radhi. Nambie neno moja tu kwa Kiswahili, hata tusi, nitalipokea.

Akautoa mkono wake mkononi mwangu polepole, akaulaza juu ya shuka.

"I am tired," akasema. "I want to go home."